Msichana Alienda Kuuliza

Boksi kubwa la chokoleti ni dola tatu. Kijana hana hizo tatu, kwa hivyo ananunua dogo la dola moja. Njiani anatoa penseli, anaichorachora ile 1 ya bei mpaka inageuka 4, halafu anaenda kwao msichana akitembea kama mtu aliyejipanga.

Hiyo ni Sherlock Jr., filamu bubu ya Buster Keaton iliyotoka Marekani mwezi wa Aprili 1924. Ina umri wa miaka zaidi ya mia, haina sauti, haina rangi, na inachukua kama dakika arobaini na tano tu. Lakini hiyo penseli naijua. Nimeiona hapa Makutano, Meru, kila mwisho wa mwezi: kijana ananunua zawadi Gakoromone, halafu anazunguka akitafuta mfuko wa karatasi wa duka la maana ndio ionekane imetoka kwingine. Mimi niliacha chuo mwaka wa tatu karo ilipokatika, na siku hizi naishi kwa kuandika makala za watu kwa malipo ya kuhesabu maneno. Kumkatia mtu ukiwa na hali hii ni kazi ya penseli. Unaongeza mstari hapa, unaongeza mstari pale.

Wanaoandika kuhusu filamu hii mara nyingi huandika kuhusu ndoto yake. Kijana ni mtu wa kuonyesha filamu kwenye ukumbi wa mji mdogo. Anasinzia kazini, roho yake inatoka mwilini, inatembea katikati ya watazamaji na kuingia ndani ya pazia. Ni kweli hapo pana ufundi ambao hata leo unakuacha mdomo wazi. Ila mimi nataka kuandika kuhusu kitu kidogo zaidi: risiti ya rehani, na msichana aliyeibeba mkononi akaenda nayo kuuliza swali moja. Naamini hapo ndipo filamu inasema jambo lake kuu kuhusu wivu, na inalisema haraka sana hivi kwamba wengi wetu tunalipita.

Wacha nikupe mpango mzima. Kijana wetu anampenda msichana. Kuna mwanaume mwingine, mrefu, wa masharubu, suti safi, naye anamtaka. Huyu mpinzani pia hana pesa, lakini hana aibu. Anaingia kwao msichana, anaona kizibao cha baba mtu kimetundikwa, anaiba saa. Anaipeleka kwa wale tunaowaita mashailoki, anaiweka rehani kwa dola nne, ananunua lile boksi la dola tatu. Bado amebakisha dola moja ya nauli, ukipenda. Msichana anapokea boksi kubwa na lile dogo linabaki pembeni. Hesabu imefungwa.

Ona vile Keaton ameyapanga haya. Hakuna mahali anapotuambia huyu mpinzani anapendeka zaidi au ana maneno matamu zaidi. Haina sauti, maneno matamu yatatoka wapi? Tofauti kati ya wanaume hawa wawili ni dola mbili na wizi mmoja. Komedi nyingi za uchumba zinajifanya wivu ni ugonjwa wa moyo. Hii inauanzisha kwenye bei. Kabla ya hapo tumemwona kijana akifagia ukumbi na kuokota dola kwenye takataka. Mwanamke anakuja kuitafuta, anairudisha. Anakuja bibi mzee akilia kwamba naye amepoteza dola, kijana anatoa ya kwake mwenyewe. Halafu linakuja jamaa moja, linafukua takataka zile zile, linatoa pochi iliyojaa noti na kuondoka nayo. Unacheka, lakini unacheka kama mtu anayejua. Kijana amekuwa mwema mara mbili, na wema wenyewe umemfikisha kwenye boksi la dola moja.

Sasa wivu unaingia. Kijana ana kitabu cha kumfundisha mtu upelelezi, na saa ya mzee inapogunduliwa kwamba imepotea, anakifungua. Kitabu kinasema pekua kila mtu. Anajitolea kupekua kila mtu, uso mkavu, heshima zote. Wakati huo mpinzani ameshaisukumiza ile risiti ya rehani kwenye mfuko wa kijana mwenyewe. Inapatikana. Imeandikwa dola nne. Na kwenye boksi lake la chokoleti, kwa mkono wake mwenyewe, ameandika nini? Nne.

Hapa nilisimamisha simu nikairudisha nyuma. Uongo mdogo wa mapenzi umegeuka ushahidi wa wizi. Ile penseli haikumwongezea upendo hata kidogo, imemuuza. Msichana anamrudishia pete, ile pete ambayo kito chake ni kidogo kiasi kwamba alimpa pamoja na kioo cha kukuzia ndio akione. Anafukuzwa. Komedi ngapi za leo zinaweza kufunga fundo kama hilo bila mtu kufungua mdomo?

Halafu anafanya kile wenye wivu hufanya: anaendelea kupeleleza. Kitabu kinasema mfuate mshukiwa kwa karibu, naye anamfuata kwa karibu kweli, hatua moja nyuma yake. Mpinzani akiinua mguu wa kulia, naye anainua wa kulia. Mpinzani akijikwaa, naye anajikwaa. Mpinzani akitupa sigara nyuma, naye anaidaka na kuivuta. Ni moja ya picha bora za wivu nilizowahi kuona kwenye skrini yoyote. Mwenye wivu hudhani anamchunguza mwenzake, kumbe anageuka kivuli chake. Anakula anapokula, analala anapolala, anajua saa aliyokuwa mtandaoni kuliko anavyojua saa yake ya kwenda kazini. Na mwisho wa kufuata ni nini? Anafungiwa ndani ya behewa la treni. Hakuna alichogundua. Anarudi ukumbini, anawasha mashine, analala usingizi.

Na wakati yeye anajikwaa huko kwenye reli, msichana anafanya nini? Anachukua ile risiti, anaenda mpaka duka la rehani, anauliza: aliyeleta hii saa ni mtu wa namna gani? Mwenye duka anaanza kueleza, na yule mpinzani anapita nje, basi anaonyeshwa kwa kidole. Kesi imeisha. Njia ya mwongo ni fupi, walisema wahenga, lakini lazima mtu mmoja akubali kuitembea.

Hiyo sehemu ni fupi ajabu. Ukiangalia simu kidogo kusoma meseji, imekupita. Lakini fikiria maana yake. Mpelelezi wa filamu inayoitwa Sherlock Jr. hasuluhishi chochote. Aliyesuluhisha ni mtu ambaye hakusoma kitabu, hakumpekua mtu, hakumfuata mtu. Alikuwa na swali na akalipeleka kwa anayejua jibu. Kwa lugha ya mtaa: hakushika simu ya mtu usiku wa manane akitafuta meseji za M-Pesa. Aliuliza.

Na hapo ndipo ile ndoto maarufu inabadilika maana. Tukishajua kesi imeisha, tunaingia ndotoni tukiwa mbele ya kijana. Ndani ya ndoto yeye ni mpelelezi mkubwa, kofia ndefu, suti ya bei, anajua sumu iko kwenye glasi gani na bomu liko kwenye mpira gani wa meza. Mpinzani ni jambazi. Na msichana? Msichana aliyetoka kusuluhisha kesi kwa akili yake, ndani ya kichwa cha mpenzi wake amekuwa mtu wa kutekwa na kuokolewa. Hana kazi nyingine. Keaton anatuonyesha vyote viwili, ukweli halafu ndoto, bila kutoa mahubiri. Wivu ni muvi ambayo mwenye wivu ndiye stelingi, na anayedaiwa kupendwa amepewa sehemu ya kulia na kungoja.

Niliitazama mara mbili. Mara ya kwanza peke yangu, kwenye simu. Filamu hii haina hakimiliki tena Marekani tangu Januari 2020, kwa hivyo kuipakua si wizi, ni bando lako tu. Nilicheka kidogo, nikaandika vidokezo. Mara ya pili ilikuwa Embu, kwa rafiki yangu mwenye chumba cha michezo ya video kule Dallas, Jumapili jioni wateja walipopungua. Tulikuwa wanane, wanaume watano, wanawake watatu. Na ndipo nilielewa kwamba filamu bubu huwa haina ububu wowote ukiwa na watu.

Kwa sababu sisi hatujui kunyamazia filamu. Tumelelewa na DJ Afro. Kizazi chetu kiliona muvi za Kihindi na za mapigano kwenye vibanda, sauti ya DJ Afro ikiwa juu ya sauti ya stelingi, akiwapa wahusika majina ya mtaani na kueleza mambo ambayo hata mwongozaji hakuyafikiria. Tanzania walikuwa na Lufufu, Uganda wana mavijei wao mpaka leo. Wajapani nao, enzi zile zile za filamu bubu, walikuwa na benshi, mtu anayesimama kando ya pazia na kusimulia, na watu walilipa kiingilio kwa ajili ya jina lake. Kwa hivyo chumba kilipozimwa taa pale Dallas hakuna aliyeuliza mbona hawaongei. Dakika ya tatu tayari kuna aliyeshika usukani. Mpinzani alipewa sauti nzito ya mubaba wa Nairobi. Baba mtu akapewa Kiembu cha mzee aliyekasirika. Kijana hakupewa sauti. Jamaa wa usukani alijaribu, akaacha, akasema, "Huyu uso wake unatosha." Ni kweli. Keaton hacheki, halii, hakunji uso. Kila kitu kiko kwenye mgongo na miguu.

Kuna mahali tulinyamaza, kisha tukapasuka wote pamoja. Ni pale kijana anapoingia ndani ya pazia na picha zinaanza kubadilika chini ya miguu yake. Anataka kukaa kwenye benchi la bustani, picha inakatwa, benchi limeenda, anaanguka katikati ya barabara. Anatembea, picha inakatwa, yuko ukingoni mwa genge. Inakatwa, simba. Inakatwa, jangwa na treni. Anaruka baharini, anatua kwenye theluji kichwa chini. Ni mzaha kuhusu filamu yenyewe inavyokatwa na kuunganishwa, na hakuna aliyehitaji kuelezwa.

Nasema hili kwa sababu. Miaka kumi na moja baada ya filamu hii, mwaka 1935, Waingereza walianzisha mradi wa filamu za Waafrika kule Vugiri, milima ya Usambara, na hadi 1937 lori lao lilizunguka likionyesha filamu Tanganyika, Kenya, Uganda na kwingineko. Nyingi zilikuwa mafunzo: minyoo ya safura, malaria ya watoto, kuweka akiba posta. Kisha ikaja idara ya filamu ya kikoloni mwaka 1939, na mkuu wake William Sellers akashikilia kwamba filamu za Mwafrika ziende polepole, picha zisikatwe ovyo, na ujanja wa kamera uepukwe, eti tutachanganyikiwa. Yaani wakati ambapo mahali pengine watu walicheka mapenzi na wivu wao kwenye pazia, mababu zetu walipewa safura. Mapenzi hayakuwa kwenye silabasi. Sisemi kwamba Sherlock Jr. ingewaokoa na lolote. Nasema tu walinyimwa haki ndogo ambayo kila jamii inahitaji: kujiona mjinga wa mapenzi, gizani, ukiwa umezungukwa na majirani, na kucheka.

Haki hiyo bado tunaihitaji, na sasa zaidi. Tamthilia zetu za jioni, kuanzia Maria ya Citizen TV ilipoanza 2019, zimetulea na wivu wa aina moja: wivu kama kipimo cha upendo. Asiyekufuata hakupendi. Asiyekagua simu hajali. Muziki unapanda, macho yanajaa, tunaambiwa hayo ndiyo mapenzi yenyewe. Halafu tunatoka nje. Tarehe 27 Januari 2024 maelfu ya Wakenya waliandamana Nairobi na miji mingine kupinga mauaji ya wanawake, na kesi nyingi zilizowatoa watu barabarani zilihusu mwanamke na mtu aliyemjua, mara nyingi mtu aliyedai kumpenda. Siwezi kuandika kuhusu komedi ya wivu katika nchi hii na nikajifanya sijui hilo.

Lilijitokeza lenyewe pale Dallas. Filamu ilipoisha jamaa mmoja alisema kijana alikuwa na haki ya kumfuata mpinzani, maana angejuaje ukweli? Dada aliyekaa karibu na mlango akamjibu bila kugeuka: "Bro, si ameona? Mwenye kujua ni yule aliyeuliza. Huyu wako alikuwa kwa treni." Watu walicheka. Jamaa hakucheka. Akasema kuuliza ni kujishusha. Dada akasema, "Na kunifuata ni kujipandisha?" Hapo hakuna aliyejibu. Mwenye chumba akawasha taa na kuanza kukusanya glasi.

Sijui kama kuna insha ya chuo ingefika hapo haraka vile. Filamu ilikuwa imewapa mfano walioweza kuushika wote, wa miaka mia iliyopita, usiomhusu ex wa mtu wala mke wa jirani, na kwa hivyo waliweza kuusema ukweli bila mtu kusimama na kutoka. Hiyo ndiyo kazi ya komedi. Haikurekebishi. Inakupa mahali pa kusimama ujitazame bila kupigwa mawe.

Si kwamba filamu haina dosari. Msichana hana jina. Katika orodha ya waigizaji Kathryn McGuire ameandikwa tu kuwa "msichana". Kijana naye hana jina la kweli, lakini angalau amepewa jina la ndoto, na filamu nzima imebatizwa kwa hilo. Mpinzani, aliyeigizwa na Ward Crane, ameitwa shehe wa mtaani, neno la mzaha lililoshika Marekani baada ya Rudolph Valentino kuigiza The Sheik mwaka 1921. Kwamba mwanaume mwongo, mwizi na mpenda wanawake anapewa cheo hicho ni mzaha wa Wazungu kuhusu Waarabu, na mtu wa Pwani akiutazama anaweza kuona haufurahishi. Na kubwa kuliko yote, filamu inampa msichana ushindi kisha inampa dakika chache tu za kuushika. Ndoto ya mwanaume inakula nusu ya muda wote. Mbio zipo, daraja linaporomoka, kijana ameketi kwenye usukani wa pikipiki isiyo na dereva na hajui. Nimefurahia kila sekunde ya ile nduthi. Lakini ningelipa kiingilio kingine kuona filamu ya yule msichana akitoka nyumbani na risiti mkononi: anafikiria nini njiani? Anaogopa kwamba jibu litakuwa baya? Maana kuuliza si rahisi. Ukiuliza, utajibiwa. Mwenye wivu hupenda kupeleleza kwa sababu upelelezi hauna mwisho, na jibu lina mwisho.

Pengine ndiyo maana Keaton ameiacha sehemu ya mwisho kwa aibu tupu. Msichana anapanda mpaka chumba cha mashine kumwambia kijana kwamba wamejua ukweli, na kwamba baba anaomba radhi. Yeye ndiye amekuja. Kijana ameamka, mpelelezi mkubwa amekwisha, amebaki mtu wa kuonyesha filamu ambaye hajui mikono yake aiweke wapi. Basi anachungulia dirishani, kwenye pazia, aone stelingi anafanyaje. Stelingi anamshika mpenzi wake mkono, naye anamshika msichana mkono. Stelingi anabusu mkono, naye anabusu mkono. Stelingi anavisha pete, naye anavisha pete, ile ile yenye kito cha kutafutwa kwa kioo. Stelingi anabusu, naye anabusu upesi kama mtu anayegusa sufuria ya moto. Halafu picha inakatwa, na kwenye pazia stelingi ameketi na mkewe, wana watoto mapajani.

Kijana anatazama. Anakuna kichwa. Hajui walifikaje hapo, na pazia halimwambii. Wakati huo wote msichana amesimama kando yake, hatua moja tu, na angeweza kumuuliza.